Aliyefunga Mlango wa Ndege Kubwa

Jina lake ninalijua. Ninajua jina la baba yake, la dada yake aliyeolewa Kambove, na majina ya watoto wote wa yule dada, kuanzia Monga mpaka yule wa mwisho, Kyungu. Hesabu zinanitoroka, lakini jina likiingia kichwani mwangu linajenga nyumba humo. Na bado jina lake sitaliandika. Mwanangu anaitwa Mukalay, jina la babu yake mzaa baba, na leo hapa Shituru, sehemu ya mji wa Likasi, hakuna anayemwita hivyo. Wanamwita kwa neno lililotoka kinywani mwa yule mzee. Basi na yeye akae bila jina, aonje. Nitamwita vile avenyu yetu, mtaa mzima, ilivyomwita: Muzee wa Mulango.

Watu wataniambia, Mama Mukalay, mtu ni mgonjwa, acha hasira. Hasira yangu haimwombei mtu ugonjwa. Inataka tu mambo yasemwe yote, nusu zote mbili, kwa sababu yeye alitupa nusu moja miaka yote. Ile nusu ndiyo iliyomfukuza mwanangu mpaka Kakanda, anakochimba mawe kwa sululu kama mtu asiye na kwao. Ndiyo iliyofanya Mama Ngalula, niliyeanza kukaa naye benchi moja kanisani tukiwa wasichana, apite mbele ya lupango langu, ua wa nyumba yangu, bila kunisalimu.

Kazi yake ya ujana ilikuwa Kinshasa, uwanja wa ndege. Alifunga mlango wa mizigo wa ndege kubwa, ile ndeke ya serikali yenye moteri tatu. Si ule mlango wa juu, ambao msichana mwenye kofia anasimama kukaribisha watu. Ule wa chini, tumboni, unaoingiza masanduku. Mwenyewe alisema yeye ndiye wa mwisho kuigusa ndege ikienda na wa kwanza kuigusa ikirudi, na akisema hivyo aliinua kidevu kama mtu anayepigwa picha.

Alikuja Likasi kwa treni, mzee tayari, kukaa kwa mpwa wake Odette, lupango la tatu kutoka kwangu. Sanduku moja, koti moja, na mkono wa kulia ulionenepa kuliko wa kushoto. Kabla ya kujua habari zake tulijua namna yake ya kufunga mlango. Wewe na mimi tunavuta, tunakwenda zetu. Yeye alivuta, akashusha komeo, akasimama. Akainama, akafumba jicho moja, akaangalia kama ulimi wa komeo umeingia mahali pake. Na mahali ambapo haikuwezekana kuona, alitoboa kitobo.

Alianza na mlango wa jiko la Odette. Kitobo kidogo, kando ya komeo, ukiweka jicho unaona chuma kimelala ndani ya chuma. Odette akanyamaza. Halafu akatoboa mlango wa choo. Hapo Odette hakunyamaza. Alipasua kipande cha pagne, kitenge chake, akakiziba, mzee akakitoa, Odette akakirudisha, wakaishi hivyo wiki nzima mpaka mchungaji akaitwa. Mchungaji naye alikuwa amekwisha kutobolewa kabati la kanisa, lile la divai ya meza ya Bwana, na watoto wa shule ya Jumapili walikuwa wanapanga mstari kuchungulia. Hata hivyo alikuwa mtu wa kupendwa. Mimi mwenyewe nilimwita. Paka wa porini walikuwa wanamaliza kuku wangu, na mlango wa banda ulionekana umefungwa kila jioni. Alikuja na keekee yake, akatoboa, akaniambia niinamishe kichwa nione. Komeo lilikuwa halijafika. Miezi yote ile nilikuwa nafunga hewa. Tangu siku hiyo sikupoteza kuku, na mlango wa jiko langu nao nikampa autoboe.

Neno lake lilikuwa moja. Ukifunga kitu chochote, lango, sufuria, gunia la makala ya kupikia, ukasikia sauti nyuma yako: "Ulifunga? Uliangalia?" Aliwauliza maharusi wakitoka kanisani wanafunga mlango wa gari. Aliwauliza watu wa sanduku la maiti. Watoto walilishika, wakawa wanaulizana wakifunga madaftari. Siku moja alimwuliza Mama Ngalula, aliyekuwa anashona mdomo wa gunia lake la unga mbele ya watu wote, na Mama Ngalula, Mukasai yule, mtu wa Kasai, ulimi wake haujui kulala. Akamwambia bila kuinua kichwa: "Muzee, mbele ya kuuliza magunia ya bantu, angalia kwanza kifungo ya suruali yako." Mzee akainama palepale, akafumba jicho moja, akaangalia. Ilikuwa wazi. Tulicheka mpaka nikakaa chini. Yeye alifunga, akaangalia tena, akasema kwa heshima zote, "Aksanti, mama. Njo kazi ya macho ya pili."

Ninaandika haya ili ujue kwamba tulicheka naye. Mtu ambaye hukucheka naye wala hukumpenda hawezi kukuchoma hivi.

Ile ndege aliipenda kuliko inavyofaa mtu kupenda chuma. Jumapili baada ya kanisa, akishapewa bukari na sombe yake, ugali na majani ya muhogo, alianza. Ilikuwa na njia mbili ndani, alisema, mbili, kama avenyu mbili zinazokwenda sambamba, na katikati watu wameketi mbali na dirisha kama walio katikati ya kanisa. Moteri moja kila bawa, na ya tatu nyuma, shinani mwa mkia, kama mama aliyebeba mtoto mgongoni. Kabla ya hiyo, ndege zetu zilikuwa bomba nyembamba. Halafu kule Amerika kampuni mbili zikaanza kutengeneza ndege pana ya moteri tatu wakati mmoja, kila moja ikitaka kumtangulia mwenzake kwa wanunuzi, kama wanawake wawili wanaokaanga mikate barabara moja. Hiyo yetu ilitangulia. Ilipofika Kinshasa watu walikwenda uwanjani na watoto mgongoni kuiona tu. Ilikwenda Ulaya na kurudi kabla sombe yako haijachacha.

Tulimwuliza mara nyingi ndani kukoje ikiwa juu. Hakujua. Miaka yote ile hakuipanda hata mara moja. Mama Ngalula alimchokoza, akamwambia anaringia nyumba ambayo hajalala. Yeye akamjibu: "Nikipanda, nani atafunga?"

Mke wake alizikwa kule Kinshasa. Mwulize lini, ataanza kukuambia ndege ilikuwa wapi siku hiyo, imechelewa kwa sababu gani, ndipo amfikie mama wa watu. Lakini siku ndege yenyewe ilipokwenda Ulaya isirudi, hiyo aliijua vizuri. Alisema nyingine za aina yake, duniani kote, waliziziba madirisha wakazifanya za mizigo, zikabeba samaki na maua, na alisimulia jambo hilo kama watu wanavyosimulia mjane aliyenyang'anywa nyumba. Aliposikia kwa redio kwamba hakuna tena mahali popote ambapo aina ile inabeba abiria, alikaa bila kula. Odette alinituma nikamsemeshe. Nilimpelekea mahindi ya kuchoma. Nilimhurumia. Nakumbuka hivyo na ninakasirika upya.

Kwa maana kulikuwa na hadithi moja aliyoirudia kuliko zote, na hiyo ndiyo shauri langu.

Ndege ya aina ile, si yetu, ya nchi nyingine, ilianguka Ulaya msituni, ikaua kila mtu. Sababu ilikuwa mlango wa mizigo. Milango mingine ya ndege, alitueleza, inakaa kama kifuniko kilichotiwa ndani ya mdomo wa mtungi: pumzi ya ndani ikisukuma, kinazidi kukaza. Ule wa mizigo ulifungukia nje, kwa hiyo hauna cha kuushika ila makomeo yake. Na mpini wake uliweza kushuka, kabisa, ukalala mahali pake, na makomeo ndani bado hayajafika. Ndiyo maana walitoboa kitobo kidogo chenye kioo, ili mtu aweke jicho. Siku ile mpakia mizigo alishusha mpini, akaona umelala, akaondoka. Ndege ikapanda, mlango ukang'oka, hewa yote ya tumboni ikatoka kwa kishindo, sakafu ya watu ikavunjika, na chini ya sakafu ile ndiko zilikopita kamba za chuma za kuongozea mkia. Basi.

Na mwisho wake ulikuwa hivi, kila Jumapili, kidole juu: "Bantu bote bale, juu ya nini? Muntu moja hakuangalia."

Sisi tulitikisa vichwa. Watoto wetu walikua na neno hilo. Mukalay wangu aliketi pale kwenye mkeka na Kabeya, mtoto wa Mama Ngalula, wakiwa bado wanagombania mfupa wa samaki, wakasikia: mtu mmoja hakuangalia. Avenyu nzima ilifundishwa kwamba kitu kikianguka, utafute mkono.

Wakakua. Kabeya akaendesha kamio la tangi, lori la kubeba asidi, na Mukalay akapata kazi katika depo ya asidi hiyo hiyo, kwenye njia ya Kambove, kujaza matangi na kufunga vifuniko vya juu. Depo hiyo jina lake ninalijua pia, nimelitema. Marafiki wawili, mmoja anafunga, mwingine anaondoka na mzigo. Mama Ngalula na mimi tulimshukuru Mungu kwa sauti moja.

Siku ile Kabeya alikuwa anateremka kona, kifuniko kikafunguka, asidi ikaruka mbele ikamwagikia kabini. Alifungua mlango atoke. Sitasema zaidi, mama yake bado yuko hai na anajua kusomewa. Hospitali walimfunika na kitambaa chenye maji. Alikufa akiwa na akili zake, akimwita Mukalay aje, na Mukalay alifika akiwa amechelewa.

Sasa, kwetu kwenye kilio kuna jambo ambalo haliachwi. Kabla maiti haijatoka nyumbani, mkubwa wa ukoo anasimama na kusimulia kifo kuanzia mwanzo: alilala wapi, alikula nini, nani alikuwa naye wa mwisho. Halafu anauliza mwenye neno. Mwenye kujua anapaswa kusema hapo hapo, kwa sababu udongo ukishafunga, hakuna ruhusa ya kuleta neno lingine. Desturi hiyo ndiyo inayozuia watu kuanza kunong'onezana uchawi wakirudi.

Baba Tshibangu, mjomba wa Kabeya, ndiye aliyesimama. Alisimulia vizuri. Depo ilikuwa imetuma sanduku na magunia ya unga na msemaji mmoja mwenye tai, na msemaji akasema ilikuwa bahati mbaya, mkono wa mtu ulisahau. Mukalay wangu akainuka. Alisema mpira wa kile kifuniko ulikuwa umevimba tangu zamani, kwamba wapakia wote walikwisha kulalamika, kwamba mpini unashuka wenyewe hata kifuniko hakijakaa. Watu hawakujua wamwamini nani. Ndipo mtu mmoja, jina lake Kasongo, fundi wa viatu, akasema yupo hapa mwenye kujua mambo ya milango, tumwulize yeye.

Vichwa vyote viligeuka. Muzee wa Mulango alikuwa ameketi karibu na ukuta, kaske yake, kofia ngumu ya kazini ya rangi ya machungwa, juu ya magoti. Nilishusha pumzi, nikasema moyoni, Mungu hamtupi mjane. Mtu aliyeishi na mpini unaodanganya atasema kwamba mpini unadanganya.

Aliigeuza kaske magotini. Halafu akasema: "Lazima kuangalia."

Basi. Maneno mawili. Na vile vichwa vilivyokuwa vimemgeukia yeye vikamgeukia mwanangu, pole pole, kama ng'ombe.

Tulizika. Udongo ukafunga. Kesho yake Mukalay alikwenda kununua mkate, na watoto wa avenyu, watoto niliowakata kitovu wengine, wakamwuliza kutoka nyuma ya ukuta: uliangalia? Akienda kisimani, uliangalia? Akaitwa Uliangalia, hivyo tu, kama jina la ubatizo. Depo wakamwambia asirudi. Mama Ngalula alichota unga wangu wa kilio, ule niliompelekea, akaurudisha mlangoni kwangu katika bakuli langu, bila neno. Siku Mukalay alipofunga mzigo wake wa Kakanda, alifunga kamba, akasita, akaifungua, akaifunga tena. Nilimwona. Nilitoka nje ili asinione.

Unajua nilikokwenda. Sikuvaa hata viatu. Nilimkuta kwenye kiti chake, nikamwuliza, Baba, mwanangu amekukosea nini. Akasema mambo ya kila siku, macho, kazi, uangalifu. Nikamwuliza kama ile ndege iliyoanguka ilikuwa ya kwanza kufunguka mlango. Sijui swali lile lilitoka wapi. Hasira inajua njia zake. Akaangalia kaske yake. Nikamwuliza tena.

Ndipo alipotoa nusu ya pili, mbele ya Odette na mimi, kwa sauti ya mtu anayeungama. Aliisikia tangu ujana wake, kutoka kwa mzungu aliyekuja kuwafundisha wafunga-milango, siku moja mbele ya bia. Haikuwa ya kwanza. Mlango ulipasuka kule kwao ndege ikiwa bado chini, wanaijaribu. Halafu nyingine ikiwa juu, watu ndani, mlango ukatoka, sakafu ikabonyea, rubani akashindana nayo mpaka akaishusha na hakuna aliyekufa. Kulikuwa na mmoja wa mafundi waliotengeneza ndege ile aliyesema wazi, kabla, kwamba siku moja mlango huu utaangusha ndege. Wakubwa wa kampuni na wa serikali ya kule walijua. Kubadilisha milango yote kungechelewesha biashara, basi wakapatana kirafiki wafanye marekebisho pole pole, kitobo kimoja, bango moja. Na ndege ile iliyoanguka, ilisemwa mlango wake umetengenezwa, na haukuwa umetengenezwa kama ilivyosemwa. Yule mpakia alikuwa mgeni katika nchi ile. Alijua kusoma lugha zake, lakini si lugha ya bango. Na kuweka jicho kwenye kitobo hata haikuwa kazi yake, ilikuwa ya mtu mwingine ambaye siku hiyo hakuwapo. Baada ya wale wafu wote ndipo walipobadilisha milango, yote, na tangu hapo mlango ule haukuangusha ndege tena. Kumbe iliwezekana.

Nikamwuliza kwa nini hakutuambia. Akasema ndege ilikuwa nzuri. Akasema mtu hawezi kufunga mlango kila siku, miaka yote, akiamini kwamba mlango wenyewe ndio mbaya. Ni lazima aamini ni macho yake.

"Na ile kaske?" Ni Odette aliyeuliza, si mimi. Mimi nilikuwa nimeizoea. Alikuwa anaivaa hata kanisani, tukadhani ni zawadi tu.

Depo walimpa. Shefu, mkubwa wa depo, alisikia habari za mzee wa vitobo, akamwita aje aseme na wapakia. Wapakia walimwonyesha ile mipira iliyovimba, mpini unaoshuka wenyewe. Mukalay ndiye aliyemwonyesha. Shefu akamwuliza kama ni lazima kubadilisha vifuniko vyote au kuna njia nyingine, na yeye, kwa kufurahi kwamba bado kuna mtu duniani anayemwuliza, akasema: pigeni mstari mwekundu, nusu juu ya kifuniko, nusu juu ya tangi, mistari ikikutana, kimefungwa. Wakapiga rangi. Wakampa kaske.

Rangi. Juu ya tangi la asidi. Mukalay alikuwa amekwisha kuniambia, nami sikuelewa: Mama, niliangalia, hakukuwa na kitu cha kuangalia. Asidi ilikuwa imekula ule mstari zamani. Mwanangu aliinama, akatazama, akaona chuma kitupu na mpini uliolala. Sisemi yeye ni malaika. Ninasema aliangalia.

Nilimtemea mate chini, mbele ya miguu. Mzee wa umri ule. Sijajuta.

Tangu siku hiyo sikumsalimu, na yeye hakutoka tena. Mvua zilikuja. Odette akaja lupangoni kwangu, akasema miguu ya mzee imevimba, hali chakula, ananiita. Kwetu huendi kwa mgonjwa bila kubeba kitu, hata ndizi moja. Nilikwenda mikono mitupu, ajue.

Alikuwa amekonda, shati limemkimbia shingo. Akanishukuru kwa kuja. Nilimwambia sikuja kumhurumia, nimekuja kumpeleka kwa Mama Ngalula, aseme yale yote, kwa kinywa kile kile. Akasema kwa desturi yetu, mtu asingeweza kumlaumu: "Mama Mukalay, bulongo ilikwisha kufunga."

"Weye njo ulitufundisha," nikamwambia. "Kintu inaweza kuonekana ilifungwa, na haiyafungwa."

Odette aliazima baiskeli ya wauza makala. Tukamkalisha nyuma, Odette akasukuma, mimi nikamshika mgongo, na mgongo wake ulikuwa mwepesi kama kapu. Aliishika kaske tumboni njia yote. Watu walitoka malangoni kutazama. Hakuna aliyemwuliza kitu.

Mama Ngalula alikuwa anachambua mchele. Aliniona mimi akainamisha uso, akamwona yeye akauinua. Desturi ni kumpa mgeni kiti; alimpa yeye, mimi nikabaki nimesimama. Muzee wa Mulango akaweka kaske chini mbele ya miguu yake, akaanza. Alisimulia kama vile angepaswa kusimulia siku ile kwenye kilio: mlango uliopasuka chini, mlango uliopasuka juu, mtu aliyeonya, mapatano, bango, mgeni asiyejua lugha ya bango. Halafu depo, mipira, Mukalay akimwonyesha kwa kidole, mstari, rangi. Hakuacha kitu. Nilikuwa nasikiliza kama kuna atakachoacha.

Mama Ngalula hakulia. Mikono yake ilibaki ndani ya ungo.

"Bale benye kutengeneza ile ndeke," akauliza, "bile bantu balikufa, balisema nini?"

"Balisema muntu hakuangalia."

"Na weye?"

"Miye nilirudilia ile neno."

Kuku wa Mama Ngalula walikuja kula mchele ulioanguka, hakuwafukuza. Mwisho akaniomba simu yangu, yake haikuwa na salio, na hilo lilikuwa neno la kwanza aliloniambia tangu tulipozika. Nikatafuta namba. Alipopokelewa alisimama, kama mtu anayesimama kanisani. "Mukalay," akasema. "Mukalay, mwanangu. Ni mama yako Ngalula." Akamwambia anajua sasa kwamba aliangalia. Akamwambia arudi nyumbani, mlango wa kwake uko pale pale.

Nilikuwa karibu, nikasikia mwanangu akisema ndiyo, mama. Halafu simu ikakatika. Hajarudi mpaka leo ninapoandika. Mama Ngalula na mimi tunasalimiana, tunapeana chumvi, benchi letu kanisani limerudi kuwa letu. Lakini Mukalay yuko Kakanda ndani ya shimo, na depo bado inajaza matangi, na nasikia wamepiga mstari mpya. Hiyo ndiyo hasira yangu, na haiwezi kuzikwa na mzee mmoja.

Tulipoondoka Mama Ngalula alimwambia Odette kaske ibaki. Leo bata wake wanakunywa maji humo.

Njiani kurudi mzee aliomba apumzike, kifua kilikuwa kinambana. Lupango lililo karibu lilikuwa langu. Nilimtolea kiti nikakiweka chini ya ukuta wa jiko, nikaingia kumchotea maji, na kwa sababu ya kuku nilipotoka niliuvuta mlango wa jiko nyuma yangu. Ule ule wenye kitobo chake. Komeo lililia.

"Uli..." akasema.

Kichwa kilikuwa kimekwisha kuinuka, jicho moja limeanza kufumba. Kinywa kikabaki wazi. Nilisimama mbele yake na kikombe mkononi, nikingoja amalize. Odette alitazama chini. Mzee aliangalia mlango, akaniangalia mimi, akaangalia ule mkono wake wa kulia.

Alifunga kinywa. Ndipo nilipompa maji.